Toma Caragiu (1925–1977): maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu maisha na kazi yake

Toma Caragiu alikuwa nani?

Mwigizaji wa jukwaa, filamu na televisheni wa Romania. Alizaliwa tarehe 21 Agosti 1925, akafa tarehe 4 Machi 1977 mjini Bucharest kwenye tetemeko la ardhi, akiwa na miaka 51. Waromania wengi wanamjua kwa vichekesho, na hapo ndipo mgeni anapopotea. Anategemea kuona mchekeshaji wa kurukaruka na kujikwaa, anamkuta mtu mzima wa sauti ya mkwaruzo aliyesimama palepale, anayesema sentensi moja na kunyamaza, huku ukumbi mzima ukivunjika mbavu. Kunyamaza kwake ndiko kwenye kazi yenyewe. Majibu mengi hapa chini yanarudi kwenye jambo hilo.

Jina lake linatamkwaje, na nitafute kwa tahajia gani?

Kwa Mswahili ni rahisi: "Toma Karaju". Herufi "gi" zikifuatwa na irabu kwa Kiromania husomeka kama "j" yetu, na "c" mbele ya "a" ni "k". Wanaosema "Karagiu" kwa "g" ya "gari" wanakosea.

Ukitafuta filamu zake, zingatia mambo mawili. La kwanza, ș ni "sh" na ț ni "ts", na kumbukumbu nyingi za kompyuta haziandiki alama hizo. Jaribu *Actorul și sălbaticii* na pia "Actorul si salbaticii". La pili ndilo huwakwamisha watu zaidi: mwaka 1993 Romania ilibadilisha tahajia, na sauti iliyokuwa ikiandikwa "î" katikati ya neno ikawa "â". Bango la 1976 linasema *Gloria nu cîntă*, orodha za leo zinasema *Gloria nu cântă*. Ni filamu ileile. Ukiandika tahajia moja tu utakosa nusu ya mabango, picha na makala za zamani.

Alizaliwa Ugiriki. Je, alikuwa Mgiriki?

Hapana. Alizaliwa Argos Orestiko, mji ulio karibu na Kastoria kaskazini mwa Ugiriki, ambao wenyeji wa jamii yake waliuita Hrupiște. Wazazi wake walikuwa Waaromania, watu wa Balkani wanaozungumza lugha iliyo jirani sana na Kiromania. Familia ilihamia Romania, ikakaa Dobrogea, upande wa Bahari Nyeusi, kisha ikatulia Ploiești, mji wa mafuta ya petroli ulio kama kilomita 60 kaskazini mwa Bucharest. Ploiești ndiko alikosoma sekondari, na ndio mji unaomdai kuwa mwanawe hadi leo.

Nyumba ile ilitoa vipaji vitatu. Dada yake Matilda Caragiu Marioțeanu alikuwa mwanaisimu aliyeitumikia lugha ya Waaromania maisha yake yote, hadi akaingia Akademia ya Romania. Dada mwingine, Geta Caragiu, alikuwa mchongaji wa sanamu.

Aliingiaje kwenye uigizaji?

Alianza kusomea sheria, akaiacha, akaenda Chuo cha Sanaa ya Maigizo cha Bucharest, akahitimu 1949. Alikanyaga jukwaa la kulipwa akiwa bado mwanafunzi, kwenye nafasi ndogo ya mwendesha gari la farasi. Mwaka 1951 akaajiriwa na ukumbi wa serikali wa Constanța, mji wa bandari.

Ni kweli alikuwa mkurugenzi kabla ya kuwa nyota?

Kweli. Mwaka 1953, akiwa na miaka 28 hivi, alikabidhiwa ukumbi wa serikali wa Ploiești, akauongoza kwa karibu miaka 12 huku akiigiza humohumo. Wasifu mwingi huipita miaka hii kwa sentensi moja. Ni kosa. Ukumbi wa mkoani una watazamaji walewale msimu baada ya msimu, kwa hiyo mwigizaji hawezi kuishi kwa mbinu moja. Leo anaigiza mfalme, mwezi ujao mlevi wa kijijini, na muuza mkate aliyemwona mara zote mbili yuko safu ya tatu. Caragiu alifika Bucharest akiwa na umri wa miaka 40 na mzigo mkubwa wa nafasi mgongoni. Ndiyo maana huoni ujana wa kubabaisha katika kazi zake maarufu: ujana huo ulimalizikia Ploiești.

Bulandra ni nini?

Ni ukumbi wa maigizo wa Bucharest unaoitwa kwa jina la Lucia Sturdza Bulandra, mwigizaji aliyeuongoza hadi alipofariki 1961. Baada yake mkurugenzi alikuwa Liviu Ciulei (soma "Chuley"), mwongozaji, mwigizaji na msanifu wa jukwaa aliyeshinda tuzo ya uongozaji bora Cannes mwaka 1965 kwa filamu ya *Pădurea spânzuraților*. Caragiu alijiunga na kundi lake mwaka huohuo wa 1965, akabaki hapo hadi kifo. Waongozaji kama Ciulei na Lucian Pintilie ndio waliomtoa kwenye sifa ya "mchekeshaji wa mkoani", wakampa nafasi zilizohitaji uzito.

Kwa nini kila anayezungumzia Caragiu anataja *Revizorul*, yaani "Mkaguzi"?

Kwa sababu ya yaliyotokea Septemba 1972. Pintilie aliongoza tamthilia hii ya Gogol, mwandishi Mrusi, pale Bulandra, Caragiu akiwa meya. Kisa chake kinajulikana: mji mdogo wenye watawala wala rushwa unapata habari kwamba mkaguzi anakuja kwa siri, kwa hofu unamdhania kijana asiye na kitu kuwa ndiye mkaguzi, na meya anaongoza msafara wa kumnyenyekea. Mwishoni, alipokwisha kuaibika, meya anawageukia watazamaji na kuwaambia kwamba wanajicheka wenyewe.

Weka hilo katika wakati wake. Julai 1971 Nicolae Ceaușescu, kiongozi wa Romania ya kikomunisti, akitoka ziarani China na Korea Kaskazini, alitoa maagizo ya kukaza kamba kwenye utamaduni, yanayojulikana kama "Hoja za Julai". Mwaka mmoja baadaye, Caragiu anasimama mbele ya viongozi akiwa na mwili wa kiongozi, woga wa kiongozi na majivuno ya kiongozi. Mchezo ulipigwa marufuku baada ya maonyesho matatu. Ciulei aliondolewa kwenye ukurugenzi, na Pintilie akaenda kufanya kazi nje kwa miaka mingi.

Watu huuliza iwapo kuna rekodi kamili ya kutazama. Usipoteze siku kuitafuta. Maonyesho matatu hayakuacha filamu ya saa mbili. Kinachopatikana ni picha na kumbukumbu za waliokuwepo.

"Mjusi" ni nini? Naona neno hilo kila anapotajwa.

Kwa Kiromania ni *șopârlă*, mjusi hasa. Katika lugha ya wasanii wa enzi ile lilikuwa na maana ya pili: dokezo lililofichwa ndani ya maneno yanayoonekana safi, likapenya kwenye udhibiti kama mjusi anavyopenya kwenye ufa wa ukuta. Wahenga wetu walikwisha kusema: fumbo mfumbie mjinga, mwerevu huligangua.

Ili uone ustadi ulikuwa wapi, fuata njia aliyopita mjusi mmoja. Kwanza maandishi yalipelekwa kusomwa, na msomaji akakata maneno aliyoyashuku. Kisha, kabla ya onyesho la kwanza, ilifanyika *vizionare*, yaani kamati ilikaa ukumbini na kuangalia mchezo mzima, na hapo yakakatwa mengine. Kilichobaki kilikuwa mazungumzo ya kawaida kuhusu jirani, foleni, lifti mbovu, bosi mdogo wa kiwanda.

Sasa anapanda Caragiu. Anaitamka sentensi isiyo na kosa, halafu anasimama. Macho yanaondoka kwa mwenzake taratibu, yanakwenda kwa watazamaji au kwenye kamera. Midomo imefungwa kama ya mtu aliyekumbuka jambo na kuona afadhali alimeze. Sekunde moja, mbili. Watazamaji wanaimalizia sentensi vichwani mwao na kicheko kinalipuka, ilhali kwenye karatasi hakuna neno la kufuta. Mdhibiti alikuwa na kalamu, na kalamu haikati kimya.

Kimya hicho kilitaka kipimo. Kikiwa kifupi, mtazamaji hawahi kufikiri. Kikizidi, hata aliyesinzia kwenye kamati anazinduka. Sisi tunaamini Caragiu ndiye aliyekipima vizuri kuliko mwenzake yeyote wa kizazi kile.

Alifanya nini kwenye televisheni?

Hapo ndipo alipoingia kila nyumba. Vipindi vikubwa vilikuwa vya mkesha wa Mwaka Mpya, ambapo familia nzima ilikaa mbele ya seti moja. Alisimama peke yake na vichekesho vya kujisemea, au aliimba na kutaniana na mwimbaji Anda Călugăreanu. Wengi wa watayarishaji wake bora walitoka katika studio za televisheni ya taifa, na aliyemwelewa zaidi alikuwa Alexandru Bocăneț, kijana aliyegeuza kipindi cha burudani kuwa kitu chenye mdundo na picha za kufikiriwa.

Vipande vingi ni vya rangi nyeusi na nyeupe, na mara kwa mara tunaulizwa kama hiyo ni hitilafu ya nakala. Si hitilafu. Televisheni ya Romania ilianza rasmi kurusha matangazo ya rangi 1983, miaka sita baada ya kifo chake. Ukiona kipande kimetiwa rangi, rangi hiyo imeongezwa juzijuzi, na mara nyingi inafuta vivuli vya usoni unavyovihitaji kumsoma.

Nianze na filamu gani?

*Actorul și sălbaticii*, "Mwigizaji na washenzi", ya 1975, iliyoongozwa na Manole Marcus kwa mswada wa Titus Popovici. Usianze na nyingine.

Caragiu ni Costică Caratase, mchekeshaji mashuhuri wa Bucharest mwishoni mwa miaka ya 1930, anayewakejeli wafuasi wa siasa kali za mrengo wa kulia waliojiita Walejionari. Hao ndio "washenzi" wa jina la filamu. Wanamtisha, naye kila jioni anatakiwa apande tena jukwaani. Unamwona katika hali tatu: akichekesha ukumbi uliojaa, akiwa nyuma ya pazia jasho likimtoka, na akiwa peke yake na woga. Jihadhari na kosa la kuruka sehemu za "siri ya nyuma ya pazia" ili ufike kwenye nyimbo na vichekesho. Bila woga ule, vichekesho vinakuwa vichekesho tu.

Jambo la kuangalia: filamu inahusu mafashisti wa zamani, jambo ambalo serikali ya wakati huo iliruhusu na kulipenda. Lakini mtazamaji wa 1975 alikuwa amekaa anaangalia mchekeshaji anayetishwa kwa sababu ya utani kuhusu wakubwa. Mwenye macho haambiwi tazama.

Je, Caratase ni mtu wa kweli?

Amechorwa kwa mfano wa Constantin Tănase (1880–1945), mchekeshaji aliyeanzisha kampuni ya maonyesho ya Cărăbuș mwaka 1919. Ila filamu si wasifu. Jina limebadilishwa, matukio yamepangwa upya, kwa hiyo usiitumie kama ushahidi wa maisha ya Tănase.

Baada ya hiyo?

Kwa ucheshi, *Operațiunea Monstrul* ya 1976, ya Marcus tena: kundi la watu wanaokwenda kuvua samaki, na Caragiu kati yao. Ni filamu ya mazungumzo, itazame na wenzako. Kwa upande mwingine kabisa kuna *Explozia* ya Mircea Drăgan, kuhusu meli inayoungua kwenye Mto Danube na shehena inayoweza kuufuta mji. Humo hachekeshi sana. Orodha zingine zinaipa 1972, zingine 1973, kwa sababu wengine huhesabu mwaka wa kupigwa na wengine mwaka wa kuonyeshwa. Mkanganyiko huohuo utaukuta kwa filamu nyingi za Romania za wakati ule, basi usidhani ni filamu mbili.

Watoto wa Kiromania walimjua pia kwa filamu za *Haiducii* za Dinu Cocea, zilizoanza 1966, akiwa Răspopitul, yaani "aliyevuliwa upadre", mwizi wa msituni mwenye kanzu ya zamani na ulimi mrefu. Ni burudani ya farasi na bunduki. Zipite haraka ukiwa na muda mdogo.

*Gloria nu cântă* ya 1976 inafaa kutazamwa kwa sababu nyingine: mwongozaji wake ni Bocăneț, na ni kati ya kazi za mwisho walizofanya pamoja.

Alikufaje?

Ijumaa, tarehe 4 Machi 1977, saa 3:22 usiku kwa saa za Romania (vitabu vyao huandika 21:22), tetemeko lililotokea chini ya eneo la Vrancea liliitikisa nchi kwa karibu dakika nzima. Caragiu na Bocăneț walikuwa pamoja katika jengo la ghorofa katikati ya Bucharest. Jengo lilianguka, wote wawili wakafa. Bocăneț alikuwa na miaka 32.

Nchi nzima ilipoteza watu 1,578, na 1,424 kati yao walikuwa Bucharest. Sanaa ya Romania ilipigwa vibaya usiku uleule: mwimbaji Doina Badea, mwigizaji Eliza Petrăchescu, mwandishi wa riwaya Alexandru Ivasiuc, washairi A. E. Baconsky na Veronica Porumbacu. Ceaușescu mwenyewe alikuwa ziarani Nigeria, akakatiza ziara na kurudi.

Utakuta simulizi nyingi zinazoeleza walikuwa wakisema nini, nani alitoka kwanza mlangoni, nani alirudi kuchukua nini. Hakuna aliyekuwa nao akabaki hai kusimulia, kwa hiyo sisi hatuzirudii.

Kwa nini jengo lile lilianguka na mengine yakasimama?

Karibu majengo yote makubwa yaliyoporomoka Bucharest yalikuwa ya kabla ya vita, ya fremu za zege zilizojengwa kabla hapajakuwa na kanuni za matetemeko. Sababu zilirundikana. Tetemeko la Novemba 1940 lilikuwa limekwisha kuzipasua nguzo, na nyufa nyingi zilipakwa lipu tu. Mabomu ya 1944 yaliongeza madhara. Ghorofa ya chini ilikuwa ya maduka, na ili kupata vioo vipana kuta ziliondolewa, jengo likabaki limesimama juu ya miguu myembamba. Juu ya hayo, tetemeko la Vrancea hutoka kina kirefu, kilomita 94 hivi kwa lile la 1977, na kwenye udongo laini wa Bucharest mawimbi yake hufika yakiwa ya polepole na mapana. Mtikisiko wa namna hiyo hauzisumbui sana nyumba fupi, ila jengo refu linayumba nao kama bembea inayosukumwa kwa wakati wake.

Kuna filamu zilizotoka baada ya kifo chake?

Ndiyo. *Septembrie* ina mwaka wa 1978. Ukiona jina lake kwenye orodha za miaka hiyo, si kosa la uchapaji.

Watu humchanganya na nani?

Kwanza na Ion Luca Caragiale (1852–1912), mwandishi mkuu wa tamthilia za vichekesho wa Romania. Majina yanakaribiana, na Caragiu aliigiza tamthilia zake, ila hawakuwa ndugu. Pili na Amza Pellea, ambaye ndiye "Nea Mărin", mkulima mcheshi wa Oltenia. Vipande vyao huwekwa pamoja kwenye mikusanyiko ya "vichekesho vya zamani" na majina hupachikwa ovyo. Akivaa kofia ya mkulima na kusema lahaja ya Oltenia, huyo ni Pellea.

Nikifika Romania, nitaona nini?

Kaburi lake liko kwenye makaburi ya Bellu, kusini mwa Bucharest. Panda metro ya mstari wa M2, shuka Eroii Revoluției. Lango ni mwendo mfupi kwa miguu. Bellu ni kubwa, hivyo omba mlinzi akuelekeze upande wa wasanii kabla hujaanza kuzunguka.

Bulandra ina kumbi mbili, na hapa wageni hukosa maonyesho. Ukumbi wa Grădina Icoanei unaitwa "Toma Caragiu". Ule wa Izvor unaitwa "Liviu Ciulei". Viko sehemu tofauti za jiji, basi soma jina la ukumbi kwenye tiketi, jina la Bulandra peke yake halitoshi.

Ploiești ina ukumbi wake, Teatrul "Toma Caragiu", uleule alioungoza. Una tawi la maonyesho ya nyimbo na dansi, "Majestic", na la vikaragosi vya watoto, "Ciufulici". Hakikisha unakata tiketi ya tawi unalolitaka. Treni zinatoka Gara de Nord, Bucharest. Mji una stesheni mbili kubwa, Sud na Vest. Ukishuka Sud, fuata barabara ya Independenței yenye miti pande zote, itakupeleka moja kwa moja katikati ya mji. Usiende Julai au Agosti, kumbi huwa likizo.

Sijui Kiromania. Nitamwelewa kweli?

Utamwelewa nusu, na nusu hiyo ni kubwa ukifuata utaratibu. Tafsiri za mashine chini ya picha hufeli kwake kwa namna mbili: hazishiki utani wa maneno, na hutoa sentensi nzima kabla hajaimaliza, kwa hiyo unakuwa umekwisha kusoma jibu wakati yeye bado amenyamaza. Tazama kipande kifupi, dakika tatu au nne, mara ya kwanza bila maandishi yoyote, sauti ikiwa juu. Hesabu mara anazonyamaza na uangalie macho yanaelekea wapi kila mara. Mara ya pili washa tafsiri, usome kinachotangulia kimya tu. Ya tatu izime tena.